Maandiko ya Sakafu: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Ukurasa huu umeandaliwa kwa ajili ya wasomaji na waandishi wa kamusi elezo ya Vilindi, ulimwengu wa kubuni ambao sisi wachache tulio hapa Kigoma tumekuwa tukiuandikia makala kana kwamba upo, wenye ramani zake, koo zake, samaki wake na magonjwa yake. Maswali mengi tunayoletewa hurudi kwenye jambo moja, nalo ni yale Maandiko matano yaliyo chini ya kila kitu, ambayo hakuna mhusika, mganga, mtawala wala mhariri aliyeruhusiwa kuyagusa. Tumejibu kwa urefu kwa sababu majibu mafupi tuliyokuwa tukiyatoa zamani yalizaa maswali zaidi.

Maandiko ya Sakafu ni nini hasa?

Ni sentensi nne na neno moja ambazo, kwa mujibu wa kamusi elezo hii, zilikuwapo kabla ya Vilindi yenyewe, na ambazo Vilindi inazitii bila kuzisoma. Si sheria kwa maana ya sheria za serikali, kwa kuwa sheria ya serikali huweza kuvunjwa na mvunjaji akaadhibiwa. Andiko la Sakafu halivunjiki, na anayejaribu kulivunja hugundua baadaye kwamba jaribio lake lilikuwa njia mojawapo ya kulitimiza. Wala si unabii, kwani hayataji matukio. Hakuna mahali palipoandikwa kwamba mtu fulani atazaliwa au mji fulani utaungua. Tunalisisitiza hili kwa sababu waandishi wapya, wakiwa wamezoea usemi wa msibani kwamba wino wa Mungu haufutiki, huja wakidhani Maandiko ni orodha ya ajali za watu. Ajali za wahusika wenu zimo mikononi mwenu. Kilichofungwa ni namna ambayo mambo yanaweza kutokea.

Yanasemaje?

Tunayanukuu yote, kwa kuwa ni mafupi na kwa kuwa nakala zenye makosa zimeenea.

Andiko la Uzito: *Kila kitu kitashuka hadi kikutane na kilicho kizito kuliko chenyewe.*

Andiko la Majina: *Kilichoitwa kipo, na kisichoitwa kinasubiri.*

Andiko la Deni: *Hakuna kitolewacho bure, wala si lazima aliyechukua ndiye alipe.*

Andiko la Maji: *Maji ya juu hayatayajua maji ya chini.*

Andiko la Tano: *Isipokuwa.*

Jumla ni maneno 32. Hatukukusudia idadi hiyo, tutaieleza mbele kidogo.

Kwa nini hayawezi kubadilishwa?

Kuna sababu ya ndani ya hadithi na sababu ya mezani kwa wahariri. Ya ndani ni kwamba mwenye kutaka kulifuta Andiko angehitaji mahali pa kusimama ambapo hapabebwi na Andiko hilo, na mahali hapo hapapo. Patasi atakayoishika ina uzito, jiwe analolichonga limekwisha kuitwa jiwe, na nguvu anayoitumia ina gharama itakayodaiwa kwa mtu. Kwa hiyo kila pigo la patasi ni ushahidi kwamba Andiko bado linafanya kazi.

Ya mezani ni rahisi zaidi, na pengine ni ya kweli zaidi. Tulipoanza, kila mwandishi aliyekwama katikati ya kisa aliongeza kanuni mpya: mara mfu akarudi kwa sababu ya jani ambalo halijatajwa popote, mara mto ukapanda mlima kwa sababu ilikuwa ni usiku wa namna fulani. Haikuchukua muda kabla msomaji hajakoma kuogopa, kwa kuwa alijua kwamba hata ukuta uwe mnene kiasi gani, mlango utapatikana. Tukaamua kwamba yapo mambo machache ambayo mwandishi naye atayakuta kama anavyoikuta mvua na mlima.

Atakayeona kwamba uamuzi wa namna hiyo ni wa kitoto na afikirie kasi ya mwanga. Tangu mwaka 1983 kasi hiyo ni mita 299,792,458 kwa sekunde kamili, bila sehemu wala makadirio, kwa sababu mwaka huo mita yenyewe ilipewa maana mpya kutokana na kasi ya mwanga. Tarakimu hiyo haipimwi tena. Vingine ndivyo vinavyopimwa kwayo. Maandiko ya Sakafu yamekaa mahali hapohapo.

Mbona yako chini ya maji na si mbinguni?

Kwa sababu tunaishi kando ya ziwa, na ziwa hili limetufundisha kitu ambacho mbingu haikutufundisha. Ziwa Tanganyika lina urefu wa kilomita zipatazo 673, na kina chake kikubwa kabisa, kilichoko upande wa kusini, ni mita zipatazo 1,470; ni la pili kwa kina duniani baada ya Baikal. Uso wake uko mita zaidi ya 770 juu ya usawa wa bahari, hivyo sakafu yake imeshuka chini sana ya usawa huo. Lakini jambo lililotuvutia ni tabaka zake zaidi ya urefu wake. Maji ya juu, yaliyopata joto la jua, ni mepesi, nayo hukaa juu ya maji ya chini yaliyo baridi na mazito, wala hayo mawili hayachanganyiki ila kwa kiasi kidogo. Matokeo yake ni kwamba ukishuka kupita mita 100 hivi upande wa kaskazini, au mita 200 hivi upande wa kusini, oksijeni inakwisha. Dagaa, migebuka na kuhe wote tunaowala wanaishi katika utando mwembamba wa juu. Sehemu kubwa ya ziwa letu haina samaki hata mmoja.

Sasa, mahali pasipo na oksijeni hapana wanyama wa kuchimbachimba tope. Vumbi, majani, majivu na magamba ya viumbe vidogo vinavyozama hutua kimya kimya, tabaka juu ya tabaka, na tabaka hizo hubaki zilivyotua. Wanasayansi huzichomoa kwa mabomba marefu na kusoma humo habari za mvua na ukame wa kale. Tulipolielewa hilo tuliona kwamba tuna, si mbali na pale Kibirizi wanapoanika dagaa, mfano halisi wa maandishi ambayo hayaguswi kwa kuwa hakuna kiumbe chenye pumzi kinachoweza kuyafikia. Tungeyaweka mbinguni kwa sababu gani?

Inafaa kukiri kwamba ziwa halisi si kali kama Andiko la Maji. Pepo za kusini-mashariki zinazovuma wakati wa kiangazi, kati ya Mei na Septemba, husukuma maji ya juu kuelekea kaskazini, na kule kusini maji ya chini hupanda kidogo yakibeba rutuba inayolisha viumbe vidogo ambavyo dagaa huvila. Jinsi ziwa linavyozidi kupata joto ndivyo mchanganyiko huo unavyopungua, na wavuvi huliona hilo kwenye nyavu. Katika Vilindi upepo huo haupo. Au, kama wasemavyo baadhi yetu, upo, ila umefichwa katika Andiko la Tano.

Je, wahusika wanayajua Maandiko haya?

Hapana, na hapa ndipo makala nyingi zinaporudishwa. Andiko la Maji linakataza. Wakazi wa Vilindi wote ni watu wa maji ya juu, hivyo hakuna mzee, hata awe na miaka mingapi, atakayeyanukuu. Anaweza kuwa na methali inayokaribia. Anaweza kuwa na mwiko ambao sababu yake imesahauliwa, kwa mfano kutolitaja jina la mtoto kabla hajalia, na msomaji anayelijua Andiko la Majina akatambua mwiko huo umetoka wapi. Mhusika akitamka sentensi yenyewe neno kwa neno, makala haitapokewa.

Je, hamkumuiga Mungu, au kuuiga Ubao Uliohifadhiwa?

Swali hili huulizwa zaidi na wasomaji wa Ujiji na Tabora, miji ambayo Uislamu una mizizi mirefu, na linastahili jibu la heshima. Qur'ani, katika Surat al-Buruj, sura ya 85, aya ya 21 na 22, yajieleza kuwa imo katika Ubao Uliohifadhiwa, na kwa Waislamu hilo ni suala la imani, si la kubuni. Sisi hatukuligusa na hatutaligusa. Kama kuna kitu tulichojifunza kutoka chuoni, ni kutoka kwenye ubao wa aina nyingine kabisa, ule wa mbao ambao watoto waliuandikia kwa wino na kuuosha baada ya kuhifadhi ili waandike somo jipya, na kutoka kwenye kombe, ambamo aya huandikwa, huoshwa kwa maji, na maji yale hunywewa na mgonjwa. Maandishi yanayooshwa yakaingia mwilini, na maandishi yasiyooshwa kamwe: baina ya hayo mawili tuliona uwanja mpana wa hadithi. Ndiyo maana waganga wa Vilindi huandika kila siku na kuosha kila siku, bila kujua kwamba chini yao kuna kisichooshwa.

Wakristo nao hutukumbusha mwanzo wa Injili ya Yohana, kwamba hapo mwanzo kulikuwako Neno. Jibu letu ni lilelile. Vilindi haina dini inayofundishwa kwa msomaji, na Maandiko ya Sakafu hayaabudiwi na mtu yeyote, kwa kuwa hayajulikani.

Wazo la maandishi yaliyo chini ya ulimwengu lilipata kuwako kwingine?

Lilipata, tena kwa sura zinazotofautiana sana. Katika simulizi za kale za Mesopotamia kuna Bamba la Majaliwa, ambalo mungu wa kike Tiamat alimpa Kingu, jemadari wake, na ambalo mungu Marduk alilitwaa baada ya kushinda vita. Katika simulizi nyingine ndege Anzu aliliiba kwa mungu Enlil. Bamba hilo lina mwenyewe, huvaliwa kifuani, huibwa, hupiganiwa. Tulilikataa kama kielelezo kwa sababu hiyo hasa. Kitu kinachoweza kuibwa hugeuka kuwa kikombe cha mashindano, na hadithi yote ikawa ni nani anacho leo.

Wanafalsafa wa Mimamsa wa India walishika njia tofauti waliposema kwamba Veda, maandiko matakatifu ya Wahindu, hazina mtunzi, si mtu wala mungu, na kwamba zimekuwapo siku zote. Hapo tumekopa moja kwa moja.

Katika mapokeo ya Kiyahudi kuna maandishi mafupi ya kale, Sefer Yetzirah, yanayosema kwamba ulimwengu uliumbwa kwa njia 32, yaani herufi 22 za Kiebrania pamoja na sefirot 10, yaani namba za msingi. Msomaji mmoja alipohesabu maneno yetu akayakuta 32 alituandikia kwa furaha akidhani amegundua siri. Hakuna siri. Neno *bure* liliongezwa siku ya mwisho kwa sababu sentensi ilikuwa inachechemea.

Galileo naye, mwaka 1623, aliandika kwamba falsafa imo katika kitabu kikubwa cha ulimwengu kilichoandikwa kwa lugha ya hisabati, ambacho herufi zake ni pembetatu, duara na maumbo mengine. Tofauti na Vilindi ni kwamba yeye aliamini kitabu hicho kinasomeka.

Nani aliyeyaandika?

Hakuna. Tafadhali msitutumie tena makala zinazomtaja.

Ikiwa hayabadiliki, uganga unafanyaje kazi?

Kwa kuyapitia. Mganga wa Vilindi hana nguvu ya kulipinga Andiko. Ana ujuzi wa kulipa Andiko kitu tofauti cha kufanyia kazi. Mfano tunaowapa waandishi wapya ni wa mvuvi ambaye mtumbwi wake umejaa maji na kuzama pamoja na mzigo wote. Anakwenda kwa mganga, mama mzee wa ng'ambo ya mto, akitaka mtumbwi upande. Mwandishi asiye makini angemfanya mama yule atamke maneno na mtumbwi ukapaa. Haiwezekani, kwani Andiko la Uzito linasema kila kitu hushuka hadi kikutane na kilicho kizito kukizidi. Basi mama anauliza: ni kitu gani kilicho chini ya mtumbwi ambacho kinaweza kuwa kizito kuliko mtumbwi, nacho kikaja juu? Ni maji. Anaagiza chumvi. Magunia kwa magunia ya chumvi, yanayobebwa kichwani na ukoo mzima, yanamwagwa katika ghuba ile ndogo mpaka maji yenyewe yanakuwa mazito, na mtumbwi unaanza kuinuka polepole, kwa kuwa sasa umekutana na kinachouzidi.

Anayeijua Uvinza, ambako chemchemi za maji ya chumvi zimewapa watu chumvi ya kuuza mbali tangu zama za misafara na kabla yake, atatambua tulikolitoa wazo hilo. Lakini kisa hakijaisha. Andiko la Deni linadai, na si lazima lidai kwa mvuvi. Katika kisa tulichokichapisha, samaki wa ghuba hiyo walikufa wote, na aliyeathirika ni mjane wa upande wa pili aliyekuwa akitega migono pale, ambaye hakuwa hata na habari kwamba kuna mtumbwi uliozama. Sehemu ya pili ya kisa ni safari ya mjane huyo kwenda kuuliza nani amemlia samaki wake. Tunaiona kuwa bora kuliko sehemu ya kwanza, na isingekuwapo kama mtumbwi ungepaa tu.

Jina likibadilishwa, kitu hubadilika?

Andiko la Majina linasema kilichoitwa kipo; halisemi kipo kwa muda wa jina hilo tu. Kwa hiyo jina la pili halifuti la kwanza. Tunapoeleza hili huwa tunaelekeza kidole bandarini. Meli Liemba iliundwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikafunguliwa vipande, ikasafirishwa hadi Kigoma na kuunganishwa upya, ikashushwa majini mwaka 1915 kwa jina la Graf von Götzen. Mwaka 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha ili isitekwe. Iliopolewa mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini chini ya Waingereza kwa jina jipya. Bamba za chuma ni zilezile. Katika Vilindi meli ya namna hiyo ingekuwa na vivuli viwili majini, na mabaharia wangejua ni kivuli kipi cha kukanyaga wakati wa kushuka.

Je, Andiko la Majina linawahusu watu?

Hili ndilo swali lililoleta mabishano mengi kuliko yote, na chanzo chake ni sarufi. Andiko linasema *kilichoitwa* na *kisichoitwa*, upatanisho wa ngeli ya KI-VI, ngeli ya vitu. Lingekusudia watu lingesema *aliyeitwa*. Na Andiko la Deni, linapotaka mtu, linasema wazi *aliyechukua*. Basi wapo wanaoshika kwamba mtu wa Vilindi hahitaji jina ili awepo, na kwamba mtoto asiyepewa jina yupo kama mwingine yeyote.

Wapinzani wao wanajibu kwamba Kiswahili chenyewe hakijawahi kuwa na mpaka mgumu hapo. Kijana, kipofu, kiziwi na kiumbe yote yana umbo la KI, ila tunasema kijana amefika, si kijana kimefika, kwa sababu uhai hushinda umbo. Wanauliza: vipi uhai ukiondoka? Maiti tunasema imezikwa, na wengine husema amezikwa, na mtu yuleyule husikika akichanganya yote mawili katika siku moja ya msiba. Kwa hoja hiyo, mtu wa Vilindi akiwa hai hahusiki na Andiko la Majina, lakini akizama na kufa anaingia katika ngeli ya vitu, na kuanzia hapo kuwapo kwake kunategemea kuitwa. Kutokana na usomaji huo ilizaliwa desturi inayopendwa sana na wasomaji wetu, ya wanawake wa pwani kutaja majina ya waliozama kila usiku wa giza, wakati mitumbwi imetoka na taa zake kwenda kuvua dagaa, ili wasije wakawa wanaosubiri.

Wahariri hatujatoa uamuzi. Tunaegemea upande wa pili, na tunakiri kwamba tunauegemea kwa sababu ya wanawake hao.

Tofauti kati ya Maandiko na historia za Vilindi ni ipi?

Historia huandikwa na walio juu, na walio juu hukosea. Pale Ujiji, mahali penye kumbukumbu ya mkutano wa Stanley na Livingstone wa mwaka 1871, mgeni huoneshwa miembe na kuambiwa habari kana kwamba kila dakika inajulikana. Ilhali shajara za watu wawili hao hazikubaliani hata tarehe, mmoja akiuweka Novemba na mwingine, aliyekwisha kupoteza hesabu ya siku, akiuweka Oktoba. Makala za historia za Vilindi zinaruhusiwa kupingana kwa namna hiyo, na tunazipenda zikipingana. Haziruhusiwi kulipinga Andiko.

Naweza kuyatafsiri kwa Kiha au Kinyamwezi?

Unaweza, na tutaichapisha tafsiri hiyo kama tafsiri. Matini inayotumika kuamua mabishano itabaki kuwa ya Kiswahili.

Andiko la Tano lina maana gani?

Ni neno moja, halina kilichotangulia wala kinachofuata. Wapo wanaoliambatanisha na Andiko la Maji kwa kuwa limekaa chini yake, nao ndio wanaozungumza habari za upepo wa kiangazi. Wapo wanaosema linahusu yote manne, kwamba kila Andiko lina kipenyo chake ambacho hakikutajwa. Na wapo wachache wanaoshikilia kwamba ni mwanzo wa Andiko jingine ambalo bado halijatua, kama tope linalochukua miaka kufika sakafuni.

Kanuni yetu ni hii: mwandishi anaruhusiwa kulitumia neno hilo dhidi ya Andiko lolote, mara moja katika kisa kimoja, kwa sharti kwamba kinachofuata baada ya *isipokuwa* kisielezwe popote katika kisa. Akikieleza, hata kwa dokezo la mhusika, ameandika Andiko la sita, na hilo haliruhusiwi.

Wengi waliojaribu wameshindwa, kwa maana hamu ya kueleza ni kubwa. Aliyefaulu alituletea kurasa tatu tu. Mvuvi anavuta wavu wake alfajiri, taa zimeshazimwa, na katikati ya dagaa kuna samaki mmoja mweupe, asiye na macho, baridi kiasi cha kuumiza vidole. Anamtazama kwa muda, kisha anamrudisha majini kwa mikono miwili, na wakati anapiga kasia kurudi nyumbani anagundua kwamba anajua jina la mtu ambaye hajawahi kuonana naye. Mwandishi hakueleza samaki yule alitoka wapi, nasi hatukumwuliza.